Nauli isifutwe kwenye kitabu cha jiji

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua. Kila msimu wa maonyesho ya vitabu hurudi kauli ile ile, kwamba Dar es Salaam pamoja na ukubwa wake wote haina kitabu chake. Si kweli. Vitabu vipo, ila vingi tumevitupia fungu la hadithi za upelelezi tukavisahau humo. Vipya navyo vinapita kwenye kalamu za wahariri wanaofuta kile kile kinachomwonyesha msomaji jiji, yaani bei, saa na njia.

Nianze na vya zamani. Faraji Katalambulla alitoa riwaya ya upelelezi Simu ya Kifo mwaka 1965, wakati mji wa Dar es Salaam haujafikisha watu laki tatu. Sensa ya 1967 ilihesabu 272,821 mjini, na ya 2022 ikahesabu 5,383,728 katika mkoa mzima. Baadaye wakaja Elvis Musiba na Ben Mtobwa na riwaya zao za kutia mfukoni, na kitabu kimoja Mtobwa akakiita kabisa Dar es Salaam Usiku. Riwaya hizi zilidharauliwa sana, na kusema haki baadhi zina risasi nyingi kuliko sababu za kuzifyatua. Lakini mpelelezi ana faida moja ambayo mhusika wa riwaya ya mapenzi hana: lazima atembee. Mpenzi anaweza kujifungia chumbani kurasa arobaini akiwaza. Mpelelezi akijifungia, hadithi imekwisha. Itabidi atoke baa hii aende hoteli ile, amhoji mlinzi, akose usafiri, afike mtu ameshaondoka. Mwandishi asiyejua kutoka Magomeni hadi Kurasini mtu anapita wapi atakwama mapema sana.

Shafi Adam Shafi, katika Kuli (1979), aliuingia mji wa Unguja kupitia mzigo: bandari, makuli na mgomo wao wa 1948. Emmanuel Mbogo, katika Watoto wa Mama N'tilie (2002), aliiingia Dar kupitia ada ya shule na sufuria ya chakula cha kuuza. Wote wawili wanajua kitu kinagharimu kiasi gani na nani anakilipa. Huko Cairo, Naguib Mahfouz aliandika vitabu vyake vitatu vya 1956 na 1957 akavipa majina ya mahali katika mji wa kale, na msomaji wa Morocco ambaye hajawahi kukanyaga huko akavisoma vivyo hivyo. Meja Mwangi naye mwaka 1976 aliiweka River Road ya Nairobi kwenye jalada bila kuomba radhi.

Sasa chukua mswada wa leo. Mwandishi ameandika kwamba konda alidai mia nne. Mhariri anaikata "mia nne", anaandika "nauli", na pembeni anaeleza kwamba bei itapitwa na wakati. Hajui amefuta nini. Mkazi wa Dar akiona mia nne kwenye njia fupi anajua tuko kabla ya nauli kupanda mwaka 2022 kwenda 500. Akiona 600 anajua tumefika mwisho wa 2023 au baada ya hapo. Namba moja imefanya kazi ya aya nzima. Isitoshe, hata neno daladala lenyewe ni nauli. Shilingi tano watu waliiita dala, na magari ya watu binafsi yaliporuhusiwa mwaka 1983 kusaidiana na mabasi ya UDA, shirika la usafiri la jiji, yaliyokuwa yamelemewa, makonda wakawa wanaita abiria kwa bei hiyo. Bei ikapita, jina likabaki. Kariakoo nayo ni jina la kikosi cha wapagazi cha Waingereza katika Vita vya Kwanza vya Dunia, lililotafunwa na ndimi za wenyeji. Mji huu una tabia ya kuhifadhi historia yake katika maneno ya mtaani, na mhariri anayeyasafisha anaifuta bila kujua.

Jambo la pili linaloharibu miswada ni nyumba. Waandishi wengi huwapa wahusika wao wa Manzese au Buguruni maisha ya kwenye tamthilia: mke na mume wanagombana kwa sauti, jirani hajui kitu hadi sura ya tisa. Haiwezekani, na kinachozuia ni ujenzi wenyewe. Nyumba ya Kiswahili ina vyumba sita, vitatu kila upande, katikati ukumbi mrefu unaotoka mlango wa mbele hadi uani. Uani ndiko kuna choo, bafu na mahali pa kupikia. Mbele kuna baraza. Nyumba nyingi za kupangisha hazina dari, na kuta za ndani zinaishia chini ya bati, kwa hiyo neno likisemwa chumba cha kwanza linapita juu ya ukuta na kufika cha tatu. Kila chumba kina familia yake. Mita ya LUKU, yaani umeme wa kulipia kabla, mara nyingi ni moja kwa nyumba nzima na wapangaji wanachangiana. Anayemiliki friji anatazamwa na wenzake kila umeme unapoisha. Hapo tayari una ugomvi wa kurasa kumi ambao hauhitaji jambazi wala mzimu.

Mwandishi anayeielewa nyumba hiyo anajua pia kwamba siri haikai ndani. Mazungumzo ya siri yatafanyika nje, kwenye kijiwe cha kahawa, ufukweni, au kwa kunong'ona redio ikiwa imefunguliwa sauti. Barua, mgeni, mimba, kila kitu kitajulikana kwanza uani, asubuhi, wakati watu wamepanga foleni ya bafu na ndoo zao. Ramani ya nyumba ndiyo inayoamua mtiririko wa hadithi. Nashauri mwandishi aichore kwenye karatasi, aandike nani analala chumba kipi, halafu ndipo aanze kuandika nani amesikia nini.

Tatu ni hesabu ya kodi. Mhusika kashuka kwenye basi kutoka mkoani na laki moja mfukoni. Jioni ile ile ana chumba, kitanda na jiko la gesi. Tuhesabu. Chumba cha shilingi 50,000 kwa mwezi, mwenye nyumba anataka miezi sita kwa mkupuo, hiyo ni 300,000. Dalali aliyekupeleka anachukua kodi ya mwezi mmoja, 50,000. Una deni la 350,000 kabla hujanunua hata godoro. Ndiyo maana mgeni wa mjini halisi anafikia kwa ndugu, analala sebuleni na watoto wa shemeji, na mwezi wa pili anaanza kusikia milango inafungwa kwa nguvu. Kipindi hicho cha kulala sebuleni, ambacho huenda kikachukua mwaka, ndicho riwaya nyingi hukiruka kwa sentensi moja. Hasara kubwa, maana hapo ndipo mji unapomfundisha mtu adabu zake.

Nne ni usafiri, na hapa niruhusu nikae kidogo. Daladala katika miswada mingi ni kelele na harufu ya jasho basi. Anayeijua ataanza na hesabu. Mwenye gari anadai kiasi maalumu kila siku, na kiasi hicho kinaitwa hesabu. Dereva na konda wanakula kinachobaki baada ya mafuta. Kutokana na hilo mengine yote yanaeleweka: kwa nini dereva anakimbizana na gari la ruti yake mwenyewe, kwa nini anakatisha safari njiani akiona mbele hakuna watu, kwa nini konda anawazuia mlangoni wanafunzi, ambao kwa nauli za mwisho wa 2023 walilipa 200 wakati mtu mzima alilipa 600. Mwandishi akimfanya konda katili kwa sababu ya roho mbaya tu, amekosa nusu ya hadithi.

Tazama na kiti kinavyopatikana. Abiria wa Gongo la Mboto anayetaka kukaa saa kumi na moja jioni hasubiri gari lijae mbele yake. Anarudi nyuma vituo viwili, anapanda gari linaloingia mjini, analipa, anageuza nalo, kisha analipa tena kurudi. Nauli mbili kwa kiti kimoja. Asiye na nauli mbili anatupa mkoba dirishani uangukie kiti, halafu anaufuata mwenyewe, kichwa kwanza. Mtu aliyevaa suti na tai akipita dirishani namna hiyo, msomaji ameshajua mshahara wake, umbali wa kwake na uchovu wake, na mwandishi hajatamka neno maisha magumu hata mara moja.

Makosa ya miaka nayo ni mengi, na haya huonekana hata kwenye vitabu vilivyokwisha kuchapwa. Mhusika wa 2023 anatoka Mwanza na kushuka stendi ya Ubungo, wakati mabasi ya mikoani yalihamishiwa stendi ya Mbezi Louis mwaka 2021. Mwingine mwaka 2019 anapanda daladala kutoka Kimara hadi Posta kwa Barabara ya Morogoro, njia ambayo mwaka 2016 ilipewa mabasi ya mwendokasi. Wa tatu anaishi Kigamboni mwaka 2018 na anakwama mjini usiku kucha kwa sababu kivuko kimeharibika, kana kwamba daraja la Kigamboni halikufunguliwa 2016. Hapo mwandishi angeweza kuokoa tukio lake kwa kitu kidogo tu: mhusika wake hana fedha ya kuzunguka na bodaboda hadi darajani. Na mvua kubwa zikinyesha, barabara ya Jangwani hufungwa kwa maji ya mto Msimbazi, watu wakatembea kwa miguu kutafuta njia nyingine. Kama hadithi iko Aprili na hakuna tone la mvua, msomaji wa Magomeni atashtuka.

Saa ni jambo dogo linaloumbua. Nimeona sentensi za namna ya "aliamka saa 7 asubuhi". Saa saba ni mchana, Mhariri; huyo aliamka saa moja. Kosa hilo linamwambia msomaji kwamba mwandishi alikuwa akiwaza kwa Kiingereza, na kuanzia hapo hataamini hata mtaa aliotajiwa.

Lugha ya mtaani nayo ina kipimo chake. Konda akisema "tafadhali abiria, sogeeni nyuma", kitabu kimekufa. Lakini kumpa kila mhusika misimu ya vijana ni kosa hilo hilo kwa upande wa pili. Bibi wa Kariakoo hasemi buku wala jero. Anasema elfu, mia tano, na huenda bado anataja thumni, senti hamsini, kwa mazoea. Kijana wa soko anaiita noti ya elfu kumi msimbazi, kwa sababu ni nyekundu kama jezi ya Simba, klabu iliyoko mtaa wa Msimbazi. Tofauti ya namna wawili hawa wanavyotaja fedha inatosha kumwonyesha msomaji umri wao bila kuutaja.

Kwa waandishi, utaratibu usiogharimu sana ni huu: kabla ya sura ya kwanza, amua mwezi na mwaka. Kwenye ukurasa mmoja wa daftari andika nauli ya wakati huo, kodi ya chumba, bei ya sahani ya wali maharage, stendi ilipo, na barabara ipi ilikuwa inachimbwa. Kisha pita njia ya mhusika wako kwa saa yake yeye. Anayepita saa nne asubuhi njia ambayo mhusika anaipita saa kumi na mbili jioni amejisumbua bure.

Kwa wachapishaji ninayo maombi mawili. Mnapotoa upya riwaya za miaka ya sabini na themanini, msiguse bei zilizomo wala majina ya vituo, na mwaka wa toleo la kwanza uonekane wazi, kwa sababu bila mwaka huo msomaji mpya ataona shilingi tano akadhani ni kosa la chapa. Pili, msijaze tanbihi za kueleza mitaa. Ikiwa mnaona msomaji wa Bukoba au Lubumbashi hatajua Mbezi Louis ni wapi, mrudishieni mwandishi mswada amweke abiria mgeni kwenye kiti cha nyuma ya dereva, amuulize konda, na konda amjibu kwa mkato huku akihesabu chenji.

Mpitia miswada,
Sinza, Dar es Salaam