Usivue viatu bado

Rafiki yangu mpendwa,

Salaam nyingi, na pole sana. Barua yako niliisoma nikiwa nimesimama, nikaketi, nikaisoma tena. Kumbe kocha mpya alikuita pembeni akakuambia kwamba ukiwa na miaka 31 umeshapita, timu inataka damu changa, nawe ukaanza kuwaza ni nani wa kumwachia viatu vyako. Halafu ukaongeza lile neno lililoniuma zaidi: kwamba miaka yote hii umegawa mipira, wenzako wamefunga, na huna kombe hata moja la kuonyesha.

Sikuandikii kukubembeleza. Nataka nikusimulie habari za Steve Nash, yule mgawaji pasi wa ligi ya kikapu ya Marekani, NBA, tangu mwanzo hadi mwisho. Jina lake unalijua vizuri, na pasi zake tumezitazama pamoja mara nyingi. Lakini sidhani kama tuliwahi kukaa tukaifuata safari yake hatua kwa hatua, na naona kila unachokilalamikia kilimpata yeye, tena mbele ya macho ya dunia nzima.

Alizaliwa Johannesburg mwaka 1974, wazazi wakahamia Canada angali mdogo, akakulia Victoria. Nyumbani kwao mchezo ulikuwa soka. Baba yake aliucheza, na mdogo wake Martin baadaye aliichezea timu ya taifa ya Canada. Kikapu yeye alikianza akiwa na miaka 12 au 13 hivi. Wengi husema alichelewa, mimi naona soka ndiyo iliyomfundisha kuiona nafasi kabla haijafunguka. Itazame pasi yake yoyote: mpira hauendi alipo mwenzake, unakwenda atakapokuwa.

Alipomaliza sekondari, kocha wake aliandikia vyuo vikuu vya Marekani zaidi ya 30 akimwombea nafasi. Kilichokubali kumfadhili ni kimoja tu, Santa Clara, chuo kidogo cha California. Akaenda. Inasimuliwa kwamba alikuwa akidundisha mpira wa tenisi akitembea kwenda darasani, ili mkono uzoee kitu kidogo. Mwaka 1993, akiwa mwaka wa kwanza, Santa Clara iliitoa Arizona kwenye mashindano ya taifa ya vyuo kwa pointi 64 kwa 61, na dakika ya mwisho Nash alitumbukiza mitupo huru sita mfululizo. Arizona ilikuwa imepangwa ya pili katika kundi lake, Santa Clara ya 15.

Mwaka 1996 timu ya Phoenix Suns ikamchagua akiwa wa 15 kwenye drafti, siku ambayo timu za NBA huchagua wachezaji wapya kwa zamu, na mashabiki wao wenyewe wakamzomea kabla hajagusa mpira. Alikaa benchi nyuma ya Kevin Johnson, kisha akaletwa Jason Kidd, naye akazidi kusogezwa nyuma. Mwaka 1998 wakampeleka Dallas. Msimu wake wa kwanza huko ulikuwa mbaya: mgongo ulimsumbua, mitupo haikuingia, akazomewa tena uwanjani kwao. Ndipo Don Nelson, kocha aliyemwamini kuliko alivyojiamini mwenyewe, akazidi kumsukuma apige mpira akiwa na nafasi asisubiri kupasia tu. Hili likumbuke, kwa maana wewe una ugonjwa huohuo. Beki akijua hutapiga, anarudi nyuma na kuziba njia ya pasi, na pasi yako inakufa kabla haijatoka mkononi. Nash alipoanza kupiga bila kusita, mabeki walilazimika kumfuata hadi nje ya mstari wa pointi tatu, na nyuma yao kukawa wazi. Yeye na Dirk Nowitzki wakaiinua Dallas hadi fainali ya Kanda ya Magharibi mwaka 2003.

Sasa ndiyo nafika pale ninapotaka usome polepole. Kiangazi cha 2004 mkataba wake uliisha. Alikuwa na miaka 30, mwaka mmoja tu pungufu ya umri wako. Phoenix wakaweka mezani mkataba wa miaka sita, dola zaidi ya milioni 60. Dallas walihofia umri na mgongo wake, hawakuifikia ofa ile. Nash alitaka kubaki, aliwapa nafasi ya kujibu, wakamwacha aende. Alihesabiwa mzee kama ulivyohesabiwa wewe, isipokuwa kwake ilitoka kwenye magazeti.

Alichokifanya Phoenix unakijua kwa picha, lakini tazama hesabu. Msimu wa kabla yake Suns walishinda mechi 29 kati ya 82. Msimu wa kwanza akiwa nao walishinda 62. Kocha Mike D'Antoni aliwaambia mpira upigwe mapema, kabla beki hajajipanga, wakati karibu timu zote zilikuwa zinatembea nao na kuzila karibu zote zile sekunde 24 ambazo timu huruhusiwa kukaa na mpira kabla ya kuupiga. Nash alikuwa akiupokea chini ya kikapu chake, hatua chache, na Amar'e Stoudemire au Shawn Marion tayari yuko hewani upande wa pili. Kama njia imezibwa, Stoudemire anakuja kumwekea beki ukuta, Nash anapita pembeni yake, mabeki wawili wanamkimbilia yeye, na Stoudemire anakatiza kwenda kwenye rimu. Kila mtu ukumbini anajua kinachokuja, na bado kinafika. Na pale alipobanwa kabisa, alikuwa anafanya kile kitu tulichokuwa tukikiiga mazoezini: anaingia na mpira hadi chini ya ubao, haupigi, anaendelea kuudundisha kando ya mstari wa mwisho, anatokea upande wa pili, huku macho yakitafuta. Makocha wengi wangekupigia kelele kwa hilo. Yeye alikuwa ananunua sekunde mbili ili mtu mmoja asahau kumlinda mwenzake.

Mwaka 2005 akapewa tuzo ya MVP kwa wastani wa pointi 15.5 na pasi 11.5 za kufungia kwa mechi. Wako waliolalamika kwamba pointi ni chache mno kwa mchezaji bora wa ligi, kwamba Shaquille O'Neal alistahili. Mimi naiheshimu tuzo ile kwa sababu hiyohiyo: kwa mara moja watu walihesabu kazi isiyoandikwa kwa jina la aliyeifanya. Na katika mchujo wa mwaka ule alikutana na Dallas. Mechi ya nne alifunga 48, wakashindwa. Ya tano akatoka na pointi 34, ribaundi 13 na pasi 12. Ya sita alitumbukiza mtupo wa pointi tatu uliosawazisha mwishoni, wakaenda muda wa nyongeza, wakawatoa waliomwona mzee. Haki ni haki, mwaka uliofuata Dallas nao waliwatoa Suns na kufika fainali.

Lakini msimu unaonigusa kuliko yote ni huo wa 2005 hadi 2006. Stoudemire aliumia goti, akacheza mechi tatu tu. Joe Johnson alikuwa ameshaondoka kwenda Atlanta. Huko Atlanta ndiko alikotoka Boris Diaw, kijana wa Kifaransa ambaye hawakujua wamtumie wapi. Kwa Nash, Diaw akamaliza mwaka na tuzo ya mchezaji aliyepiga hatua zaidi ligi nzima. Timu iliyong'olewa nguzo mbili ilishinda mechi 54. Nash akachukua MVP ya pili akiwa na miaka 32. Ukiniuliza kombe la pointi gadi, yaani mgawaji mpira wa timu, linaonekanaje, nitakuonyesha Diaw. Na wewe nitakukumbusha yule mrefu wetu aliyekuja hajui hata kusimama kwenye eneo, ambaye leo anagombewa na vilabu vikubwa. Nani alimfundisha wapi aweke mikono yake? Nilikuwepo, niliona.

Fainali ya NBA hakuicheza hata siku moja. Misimu 18 bila kuifikia. Mwaka 2007 walikuwa karibu sana, na jambo hili bado linanitia uchungu. Mechi ya nne kule San Antonio, Suns wanaongoza, zimebaki sekunde chache, Robert Horry wa San Antonio akampiga kikumbo Nash na kumrusha kwenye meza ya waandishi wa matokeo. Stoudemire na Diaw wakainuka kutoka benchi na kusogea. Sheria ya ligi haina huruma: anayeliacha eneo la benchi wakati wa vurugu anafungiwa. Horry akafungiwa mechi mbili, wale wawili moja moja. Suns walikuwa wameshinda usiku ule, mfululizo ukawa mbili kwa mbili, lakini mechi ya tano wakaicheza bila Stoudemire na Diaw, wakapoteza kwa pointi tatu, na ya sita ikawazika. Sheria iliandikwa kwa nia njema, nakubali. Ila naamini mwaka ule walikuwa na timu ya kuchukua ubingwa, na hakuna atakayenibadilisha.

Miaka mitatu baadaye waliwafagia San Antonio haohao nne bila. Katika mechi ya mwisho kiwiko cha Tim Duncan kilimpasua juu ya jicho, akashonwa nyuzi sita, jicho likafumba kabisa, akarudi uwanjani na jicho moja na kuimaliza kazi. Kisha Lakers wakawatoa kwenye fainali ya kanda. Alikuwa na miaka 36. Msimu uliofuata, akiwa na 37, aliongoza ligi nzima kwa pasi za kufungia, wastani wa 11.4.

Tafadhali irudie sentensi hiyo ukimaliza barua.

Utaniuliza aliwezaje na mgongo ule. Alikuwa na pingili ya uti wa mgongo iliyoteleza mbele, ikibana neva na kukaza misuli ya nyuma ya mapaja. Ndiyo maana akitolewa nje hakuketi kwenye benchi, alikuwa analala chali sakafuni kando yake, kwa sababu kukaa kulimkaza. Alipunguza sukari, alifanya mazoezi ya kiuno na tumbo kila siku, alikuja mapema kuliko vijana. Mitupo huru aliijaribu kwa mikono mitupu kabla mwamuzi hajampa mpira, na alimaliza na zaidi ya asilimia 90 kwa maisha yake yote ya ligi. Misimu minne alivuka asilimia 50 ya mitupo ya uwanjani, 40 ya pointi tatu na 90 ya mitupo huru kwa pamoja, na yote minne ni baada ya kutimiza miaka 30. Kasi hakuwa nayo sana hata ujanani. Alichokuwa nacho ni kujua lini apunguze mwendo, na hicho hakiishi kadiri miguu inavyoisha. Kulinda ndiko kulikuwa udhaifu wake siku zote, sifichi, na kocha wako akikwambia kuhusu ulinzi wako msikilize. Lakini akikwambia umri peke yake, mwombe akuonyeshe mechi.

Mwisho wake haukuwa mtamu. Mwaka 2012 alikwenda Lakers, na katika mechi ya pili tu aligongana na Damian Lillard, mguu ukavunjika. Neva za mgongo hazikutulia tena. Siku alipotimiza miaka 40, Februari 2014, alifunga pointi 19 dhidi ya Philadelphia. Miezi miwili baadaye akampita Mark Jackson na kuwa wa tatu kwa pasi za kufungia katika historia ya ligi. Machi 2015 akastaafu akiwa na pasi 10,335, mbele yake wakiwa John Stockton na Jason Kidd peke yao. Kidd yuleyule aliyeletwa Phoenix akamsogeza nyuma. Mwaka 2018 waliingia pamoja kwenye Jumba la Umaarufu.

Tofautisha mambo mawili, kaka. Mwili wa Nash ulipokataa, aliacha. Wako haujakataa; umeandika mwenyewe kwamba goti limepona na unamaliza mazoezi yote. Aliyekataa ni mtu mmoja mwenye daftari. Nenda kazungumze naye tena, na usiende kulalamika. Mwambie akupe dakika kumi za robo ya pili pamoja na wale vijana wa benchi, kisha ahesabu mikwaju mizuri wanayopata ukiwa ndani na ukiwa nje. Akikataa hata hilo, kuna vilabu vingine viwili vilivyokuwa vikikuulizia, nawe unavijua.

Na piga mpira ukiachwa. Nimeshakwambia hili tangu tulipokuwa tunagawana jezi moja.

Nisalimie mama na wadogo. Niandikie mara tu ukishaongea na kocha, hata kama jibu ni baya, na unitumie ratiba ya mechi zenu. Nimeshaomba ruhusa kazini, nitakuja hata kama utakaa benchi.

Ni mimi,
mwenzako wa kona ya kushoto