Tanbihi za makala yako ya kata

Mpendwa Rehema,

Salamu nyingi. Makala yako ya Wikipedia imekaa vizuri kwa lugha, ila haina tanbihi hata moja. Msomaji anaikuta idadi ya watu bila kujua imetoka wapi.

Bofya "Hariri chanzo". Mara baada ya nukta ya sentensi yenye dai, bila kuacha nafasi, andika:

<ref name="sensa2022">Ofisi ya Taifa ya Takwimu, Sensa ya Watu na Makazi 2022, uk. …</ref>

Namba ya ukurasa usiiache. Ripoti ile ni ndefu, na anayehakiki kata moja hawezi kuipekua yote. Kwa tovuti, taja mwandishi, kichwa, tarehe ya kuchapishwa na tarehe uliyoisoma; kiungo kikifa, hayo ndiyo yatakayosaidia kuitafuta tena. Afadhali zaidi uweke na kiungo cha nakala iliyohifadhiwa Wayback Machine, ile hifadhi ya mtandaoni ya kurasa za tovuti.

Ukiihitaji ripoti hiyohiyo tena, andika <ref name="sensa2022" /> tu. Mkwaju huo wa mwisho, yaani alama ya /, ndio unaowaponza wengi. Ukisahaulika, programu hudhani tanbihi bado inaendelea, humeza maandishi mpaka ikutane na </ref> nyingine, na aya nzima hutoweka machoni ilhali kwenye kisanduku cha kuhariria ipo. Jina nalo lisiwe tarakimu tupu, yaani "2022" peke yake, litakataliwa. Na siku ukifuta aya yenye tanbihi kamili, ihamishe kwanza tanbihi hiyo, la sivyo zile fupi zitakosa pa kushika na kosa litaandikwa kwa rangi nyekundu.

Mwishoni, juu ya viungo vya nje, weka kichwa == Tanbihi == na chini yake <references />. Usipoweka, orodha ya tanbihi hujitokeza yenyewe chini kabisa ya ukurasa.

Lililo zito kuliko yote ni hili: sensa inathibitisha idadi ya watu, haisemi lolote kuhusu asili ya jina la kata. Sentensi yako kuhusu asili ya jina itafutie chanzo chake, au uiondoe. Na ukitafsiri kutoka Wikipedia ya Kiingereza, usinakili tanbihi kabla hujafungua chanzo chenyewe na kuona kweli kinasema hivyo.

Kabla ya kuhifadhi, tazama hakikisho, yaani ukurasa utakavyoonekana, ubofye kila namba ya tanbihi. Kisha nitumie kiungo niisome tena.

Wako,
Halima