Barua kwa Zuhura baada ya kutembezwa Charleston

Atlanta, Jumapili usiku

Shoga yangu Zuhura,

Assalaam alaykum warahmatullah. Hujambo wewe, watoto hawajambo, shemeji hajambo? Bi Mkubwa na miguu yake je? Sisi wazima, alhamdulillah. Baba Saidi ana mafua na nyumba nzima tunamuuguza yeye. Mengine nitayasema mbele, maana nina jambo limenikaa kooni.

Kwanza hongera. Leseni ya kutembeza wageni umeipata kwa jasho lako, na wale mapapasi wa Forodhani, watembezaji wasio na leseni, waliokuwa wakikucheka sasa wakupishe njia. Nilimwambia mama kwenye simu, akapiga kigelegele mpaka jirani akauliza nani anaolewa.

Ujumbe wako wa sauti ulinifika tukiwa barabarani, tunarudi kutoka Charleston, jimbo la Carolina Kusini. Nimeusikiliza, nikaurudia, baba Saidi akasema basi, mwandikie mwenzio. Kwa hiyo naandika. Uliposema mwajiri wako mpya anataka Mkunazini, hapo Unguja palipokuwa soko la watumwa, mpite harakaharaka, dakika tano tu, eti wageni wamelipa kuja kufurahi na si kulia, nilikasirika. Nilikasirika kwa sababu asubuhi ya siku iliyotangulia nilikuwa nimetembezwa mjini kwa miguu na mtu aliyefanya kinyume kabisa, na hakuna mgeni wake hata mmoja aliyekimbia.

Ungeuona ule mji, Zuhura. Umekaa kwenye ncha ya nchi kavu, mto Ashley huku, mto Cooper kule, mbele ghuba na bahari. Waingereza walianza kukaa ng'ambo ya mto mwaka 1670, wakahamia pale mwaka 1680. Nyumba zake nyembamba, zinaupa mtaa ubavu, na pembeni zina veranda ndefu za kukamata upepo wa bahari. Ukifungua mlango wa barabarani hujaingia ndani, umeingia verandani. Wewe na milango yako ungekesha pale. Na mageti ya chuma! Mengi yalifuliwa na mhunzi mmoja mweusi, Philip Simmons, aliyezaliwa 1912 na kufariki 2009, na watu wanasimama kuyapiga picha. Kuna safu ya nyumba kumi na tatu East Bay Street zimepakwa rangi za kila namna, na kwenye kuta nyingi utaona visahani vya chuma vilivyokaza nyumba baada ya tetemeko la 1886. Joto ni letu lile la Machi, jasho halikauki. Mji mzuri, sitaki nikufiche. Mtu anaweza kuuzunguka, akala aiskrimu, akaondoka anasema mashaallah, asijue lolote.

Mtembezaji wetu hakukubali tufanye hivyo. Alikuwa mama mtu mzima, Mgullah, yaani wale Wamarekani weusi wa pwani na visiwa vya kule ambao wazee wao waliletwa kulima mpunga, na mpaka leo wana lugha yao na mapishi yao. Kofia pana, mwavuli mkononi, sauti ya chini. Hakuanza na vita wala wafalme. Alitusimamisha kwenye ukuta wa matofali mtaa wa ndani, ukuta hauna kibao wala jina, akainama akatuonyesha tofali moja usawa wa kiuno. Lilikuwa na vishimo vitatu vidogo. Akasema matofali haya yalifinyangwa kwa mkono na watumwa, na watoto walikuwa wakiyabeba yangali mabichi kuyaanika; hivi ni vidole. Akatuambia tujaribu. Changu kiligota juu. Saidi wangu akatia vyake, vikaingia.

Sijui nikuelezeje. Saidi alivitoa akavitazama, akaniuliza, "Alikuwa na miaka mingapi?" Nikakosa jibu. Yule mama akachuchumaa akamjibu, huenda mdogo kuliko wewe. Kisha akainuka, tukaendelea na safari. Hakuhubiri, wala hakutwambia tusikie nini.

Kuanzia hapo kila ukuta tuliopita sisi wenyewe tulikuwa tunautazama chini kutafuta vidole. Hilo ndilo ninalotaka ulishike. Watumwa hakuwaweka kituo cha nne kati ya kanisa na mnara. Aliwatia kote. Tukisimama mbele ya jumba la tajiri, anakwambia pesa ilitoka kwenye mpunga, na mpunga ulitoka kwenye akili za watu waliochukuliwa Sierra Leone na Senegambia waliokuwa wakiulima kwao zamani. Wazungu wa pale walikuwa hawaujui. Tukisifu bustani, anasema nani alichimba. Tukiwa sokoni, anatuonya: hapa City Market wengi huambiwa ndipo watu walipouzwa, si kweli, hapa ziliuzwa nyama na mboga. Watu waliuzwa nje, barabarani, karibu na lile jengo la forodha la zamani, Old Exchange, mchana kweupe, mpaka mji ulipopiga marufuku mnada wa hadharani mwaka 1856. Basi madalali wakaingia ndani, mtaa wa Chalmers, kwenye uwanja ulioitwa Ryan's Mart. Sehemu yake ipo hadi leo, ni makumbusho, na mtaa wenyewe bado ni wa mawe ya mviringo yanayokuvunja kifundo cha mguu. Mara ngapi sisi tunakuta mapapasi wanawaambia wageni uongo wa kutisha ili wapate bakshishi? Yeye alisahihisha hata uongo ambao ungemsaidia. Nilimheshimu hapo zaidi.

Kulikuwa na baba mmoja kwenye kundi letu, kavaa kaptura, akasema kwa upole tu, je, hatutasikia habari za mizimu na maharamia? Akajibiwa vizuri. Akapelekwa mpaka White Point, kule ncha ya mji, akaambiwa hapa ndipo alipotundikwa haramia Stede Bonnet mwaka 1718. Kisha papo hapo, kidole kikielekea ghubani: ile ni Fort Sumter, ngome ilipopigwa mizinga ya kwanza ya vita vyao vya wenyewe kwa wenyewe, Aprili 1861. Na mwaka uliofuata, alfajiri ya Mei 13, mtumwa aliyekuwa mshika sukani wa meli ya jeshi la Kusini, upande uliotaka kubaki na watumwa, iitwayo Planter, Robert Smalls, akasubiri maofisa weupe wamelala mjini, akavaa kofia ya nahodha, akang'oa nanga, akapita kumchukua mkewe na watoto wake, akapita chini ya mizinga ya ngome akipiga honi zote kwa mpango wake, hadi akazifikia meli za Kaskazini na kutweka shuka nyeupe. Baadaye akawa mbunge wa Marekani. Yule baba wa kaptura alisahau mizimu. Mpe Mjomba Haji hadithi hiyo, umwambie jamaa aliijua bandari yake kama anavyoijua yeye mkondo wa Chumbe.

Sasa tukirudi kwa mwajiri wako. Mkunazini ikiwa ndiyo mahali pekee unapozungumza utumwa, basi ni rahisi kuikata. Anatoa kituo kimoja, safari inabaki nzima. Lakini ukiwa umeshaitia mlangoni pa jumba la mfanyabiashara wa karafuu, ukauliza nani alizichuma, ukaitia Shangani kwenye nyumba ya Tippu Tip, yule mfanyabiashara wa watumwa, ukaitia Forodhani, ukaitia kwenye harufu ya karafuu yenyewe ambayo kila mgeni ananunua kijaluba akapeleke kwao, atakata wapi? Itakuwa tui limeshaingia kwenye wali. Na ukifika Mkunazini, mbele ya yale masanamu ya watumwa ndani ya shimo, hutahitaji maneno mengi. Dakika zake tano zitatosha kwa sababu umetembea nazo tangu asubuhi.

Najua kwetu kuna ugumu ambao yule mama hana. Soko lilifungwa 1873, utumwa wenyewe ukaondolewa kisheria 1897, na majina ya waliomiliki ni majina ya majirani zetu, wengine ni ndugu zetu, na majina ya waliomilikiwa vilevile, ndani ya nyumba moja. Ukisema neno, kuna mtu anaona umemtukana babu yake. Siasa nazo unazijua. Nilimuuliza yule mama kuhusu hilo tulipokwisha. Akasema hata pale majina ya zamani yamejaa kwenye mitaa. Mwenyewe anasema kilichotokea, mahali kilipotokea, anaacha hapo. Mtaa wa Calhoun, kwa mfano, una jina la mwanasiasa aliyetetea utumwa maisha yake yote. Sanamu lake liliondolewa Juni 2020, jina la mtaa limebaki, na kwenye mtaa huohuo lipo kanisa la Emanuel, lile ambalo watu weusi tisa waliuawa kwa risasi wakisoma Biblia, Juni 2015. Tulikwenda wenyewe jioni. Nilisoma Fatiha nikiwa pale kando ya barabara. Asili ya waumini wa kanisa hilo ni wakati wa Denmark Vesey, seremala aliyeshinda bahati nasibu mwaka 1799, akajinunua kwa dola 600, lakini watoto wake wakabaki watumwa. Mwaka 1822 alinyongwa pamoja na wenziwe, jumla watu 35, kwa kupanga uasi. Dola mia sita, Zuhura. Nakuandikia hii na bado...

Basi. Nikuchekeshe kidogo kwa kazi yenu. Pale Charleston zamani ilikuwa lazima mtembezaji afaulu mtihani wa mji, na kitabu chake kinene. Watu wakaenda mahakamani wakasema mji hauwezi kumzuia mtu kusema, na mwaka 2018 jaji akakubaliana nao. Sasa leseni ni hiari. Mapapasi wenu wakisikia watachangisha nauli. Nikiwa nimesikia ujumbe wako ulivyosoma usiku na mtoto mgongoni, siwezi kusema leseni si kitu. Ila yule mwajiri nadhani anafikiri leseni yako ni yake.

Siku iliyofuata, kabla ya kuondoka, tulikwenda gati la Gadsden, penye makumbusho mapya ya Wamarekani wenye asili ya Afrika yaliyofunguliwa Juni 2023. Jengo limenyanyuliwa juu ya nguzo ili ardhi yenyewe isikaliwe. Kati ya 1803 na 1807, wafanyabiashara walipojua biashara ya kuingiza watumwa inakaribia kupigwa marufuku, waliingiza Charleston watu wapatao 40,000. Wengine walifungiwa kwenye ghala palepale wangoje bei ipande, wakafa kwa baridi na maradhi. Wengi walitoka Kongo, Angola na Afrika Magharibi. Lakini wapo waliotoka Msumbiji, shoga yangu. Bahari yetu hiihii, kusi hiihii. Nilisimama pale penye maji yanayojaa na kukupwa juu ya michoro ya miili iliyolazwa safu safu, nikawaza Wamakua wangapi, na mtembezaji gani wa kwetu amewahi kumwambia mgeni wa Kimarekani kwamba safari ya wengine ilianzia upande huu. Wewe unaweza kuwa wa kwanza kumwambia.

Ningekueleza na vikapu, karatasi inakwisha. Kwa kifupi: pale sokoni wanakaa kina mama wanashona vikapu vya nyasi ya pwani, wanazungusha fungu la nyasi na kulishona kwa vipande vya majani ya palmetto, mti wa jamii ya mnazi, na sindano yao ni mpini wa kijiko uliosuguliwa ukachongoka. Zamani kazi yake kubwa ilikuwa nyungo za kupepetea mpunga. Mmoja aliniambia nyasi zinapatikana kwa tabu siku hizi, fukwe zimejengwa mahoteli. Hapo nikamkumbuka Bi Asha wa Jambiani na malalamiko yake yaleyale.

Sasa nijibu, tena kwa maandishi, sauti yako inakatika. Huyo mwajiri amekuandikia hayo au amesema mdomoni tu? Wenzio wanasemaje, wanakubali au wanaogopa? Ukikataa atakupunguzia siku? Kuna mzee yeyote Malindi au Vuga anayeweza kukuhadithia habari za nyumba moja moja, nani aliishi na nani alifanya kazi? Hemedi si alikuwa na babu anayejua hayo, bado yu hai? Na ukiamua kujipangia njia yako mwenyewe, ungeanzia wapi, Ngome Kongwe au Darajani? Unahitaji nini, viatu, simu nzuri, pesa ya kuanzia? Usinione haya. Nimezungumza na baba Saidi, tuna kidogo tumeweka.

Msalimie Bi Mkubwa, umbusu mikono. Msalimie Hemedi, mwambie deni lake nalikumbuka. Saidi anakusalimu, anauliza kama kuta za Unguja nazo zina vidole. Nimemwambia shangazi Zuhura atatazama.

Wako,
Salma

N.B. Kikapu nimemnunulia Bi Mkubwa, kidogo lakini ghali, kimechukua siku nyingi za mtu. Mwarabu wa Darajani anasafiri Desemba atakileta. Mwambie kisitiwe dagaa.