Picha za volkano zirudishiwe majina ya waliozipiga

Mhariri,

Nimelisoma gazeti lako kwa miaka mingi bila kukuandikia, lakini ukurasa wa picha za kihistoria za milipuko ya volkano mliouchapisha mwezi uliopita umenishinda kuunyamazia. Picha kubwa ya katikati iliandikwa "Krakatau, 1883". Krakatau ilikuwa kisiwa, na katika picha yenu hakuna bahari. Ule ni mlima St. Helens wa jimbo la Washington, Marekani, ubavu wake wa kaskazini ukiporomoka asubuhi ya tarehe 18 Mei 1980. Aliyeipiga ni Gary Rosenquist, akiwa umbali wa karibu kilomita 18, na mfululizo wa picha zake uliwasaidia wataalamu kufahamu jinsi maporomoko yalivyoufungulia mlipuko njia ya kutokea ubavuni.

Mjukuu wangu aliikata picha hiyo akaibandika katika kazi yake ya shule. Nilipomsahihisha alinijibu, "Lakini Babu, gazeti limeandika hivyo." Nimefundisha jiografia hapa Nakuru hadi kustaafu, na jibu hilo liliniuma. Menengai, volkano ya hapa kwetu, ililipuka na kubomoka ikawa kaldera, yaani shimo kubwa, maelfu ya miaka kabla ya kamera kubuniwa, kwa hiyo mtoto wa hapa anayetaka kuelewa yaliyoupata mlima wa kwao hana budi kuangalia picha za milima ya mbali, nanyi mnampa picha yenye jina na mwaka usio wake. Isitoshe, mlichapisha pia picha ya Robert Landsburg, mpiga picha aliyekufa katika mlipuko huohuo wa St. Helens, bila jina lake. Mtu huyo alipoona wingu la majivu linamjia na hawezi kuliepuka, aliendelea kupiga picha, akairudisha filamu ndani ya kasha lake, akaitia kamera mkobani na mkoba ndani ya shanta, kisha akailalia. Mwili wake ulipatikana siku 17 baadaye, na filamu ikasafishika. Mtu aliyekufa akiikinga filamu kwa mwili wake ananyimwaje mstari mmoja wa maandishi?

Uzembe huu hauko kwenu pekee. Studio moja ya picha mjini hapa ilipohama ilitupa filamu za wateja, zikiwemo zangu za wanafunzi wakishuka Menengai, na hakuna aliyetuita tuzichukue.

Naomba masahihisho yachapishwe katika ukurasa uleule na kwa ukubwa uleule, na kuanzia sasa kila picha ya volkano iandikwe mlima, tarehe, mpigaji na umbali aliosimama. Mkikosa mkaguzi, nitafika ofisini kwenu kila Jumanne saa tatu asubuhi, na kioo changu cha kukuzia.

Mwalimu mstaafu,
Nakuru