Taarifa ya Mwaka ya Mwenyekiti kwa Wanachama: Mwaka wa Vitabu vya Kujinasua

Ndugu wanachama,

Kwa mujibu wa katiba yetu, ninawasilisha mbele ya mkutano huu mkuu taarifa ya kazi za chama chetu cha wasomaji hapa Makadara, Nairobi, kwa mwaka tunaoufunga. Mtakumbuka kwamba katika mkutano mkuu uliopita, baada ya mabishano yaliyotufikisha magharibi, tuliazimia kusoma mwaka mzima vitabu vya aina moja tu, yaani vile vinavyosimulia jinsi mtu alivyojinasua kutoka katika hali ngumu: kifungo, njaa, ufukara, moto, au kutengwa na jamaa zake. Waliolipinga azimio hilo, nami nikiwa miongoni mwao, walihofia kwamba tungegeuka kundi la kukutana na kulia. Ninakiri kwamba tulikosea.

Mambo ya utawala nitayapitia upesi, kwa kuwa katibu na mweka hazina wana taarifa zao. Vikao vya Jumamosi ya mwisho wa mwezi vilifanyika vyote isipokuwa kimoja, kilichovunjwa na mvua ya masika. Mwenye ukumbi tuliokuwa tukiukodi alipandisha kodi katikati ya mwaka bila kutuarifu, tukahamia sebuleni kwa mwanachama mmoja, ambaye ninamshukuru kwa niaba yenu kwa viti, chai na subira. Ada zimelipwa kwa kiwango cha kuridhisha, ingawa wapo miongoni mwetu wanaoamini kwamba kuahidi ni nusu ya kulipa.

Mvua hiyo iliyovunja kikao ndiyo iliyopenya kwenye bati la stoo na kulowesha katoni mbili za vitabu vyetu. Tulivianika uani kwangu kwenye kamba ya nguo, tukavibana kwa vibanio kimoja kimoja, na kwa siku mbili majirani walikuwa wakiuliza kama nimeanza biashara ya karatasi. Vingi vilikauka, lakini kurasa zimevimba na majalada hayalali tena. Mwanachama wetu ambaye ni fundi wa bati Kamukunji ametutengenezea kabati la chuma kwa gharama ya vifaa pekee, na kwa sasa kabati hilo limesimama katika sebule niliyoitaja, likichukua nafasi iliyokuwa ya meza ya chakula.

Tukio linalofuata linanihusu mimi binafsi, na ninaomba radhi kwa ajili yake. Kamati iliponituma kununua nakala za riwaya ya Utengano ya Said Ahmed Mohamed, nilipita katikati ya jiji nikamkuta muuzaji anayezitoa kwa karibu nusu ya bei ya dukani. Zilikuwa mpya, zimefungwa kwa plastiki, na jalada linang'aa kuliko la nakala yangu ya zamani, jambo ambalo peke yake lingetosha kunitia shaka. Wiki mbili baadaye simu zikaanza kuingia. Fungu moja la kurasa lilikuwa limechapishwa mara mbili, na fungu lililopaswa kulifuata halikuwamo kabisa, kiasi kwamba msomaji alimwacha Maimuna akiwa bado binti anayefungiwa ndani ya nyumba ya baba yake, akageuza ukurasa na kumkuta tayari amezama katika ulevi na maisha ya usiku. Kikao cha mwezi ule kilitumia saa nzima kubuni kilichotokea kati ya pale na hapa. Mmoja alisema ni mapenzi, mwingine akasema ni njaa. Mama mmoja aliyewalea mabinti wanne peke yake akatukatiza kwa ukali kwamba hayo si mambo ya kubuni, kwa sababu tusipojua ni nani aliyemfungulia binti yule mlango wa kwanza, hatutajua pia atarudia wapi.

Tulitafuta nakala halali, tukasoma kurasa zilizokosekana kwa sauti, na tangu siku hiyo nimekuwa nikivipima vitabu vyote vya aina hii kwa katikati yake. Mwanzo wa dhiki tunaujua sote, na mwisho mwema kila mtu anaweza kuuandika. Kazi iko katika zile kurasa ambazo mtu bado hajui kama atatoka, na anafanya jambo moja dogo leo, na jingine kesho, baadhi yake yakiwa makosa.

Kwa kipimo hicho, vitabu vya kufundisha mafanikio ambavyo vimejaa kwenye maduka ya inama, yaani yale yanayotandaza vitabu chini, kando ya barabara za jiji letu vingi vimetuangusha. Tulivisoma vitatu mwanzoni mwa mwaka kwa ombi la vijana wetu, na vyote vilikuwa na umbo moja: mwandishi alikuwa maskini, mwandishi sasa ni tajiri, na kati ya hayo mawili kuna kanuni ambazo ungeweza kuziandika nyuma ya tiketi ya matatu. Yaani ni kama nakala zangu za Utengano, ila hivi vimechapwa bila katikati kwa makusudi. Sisemi kwamba aina hii ilizaliwa mbovu. Samuel Smiles, Mskoti aliyechapisha kitabu chake kiitwacho Self-Help mwaka 1859, alikijaza habari za mafundi na wavumbuzi, akiwamo Bernard Palissy, mfinyanzi Mfaransa aliyekuwa akitafuta siri ya kung'arisha vyombo vya udongo na ambaye, kuni zilipomwishia, alitia samani za nyumba yake ndani ya tanuri ili moto usizime. Mke wake hakufurahi, na Smiles hakulificha jambo hilo. Ukisoma hapo unajua gharama ilikuwa nini na ililipwa na nani.

Mwezi uliotushughulisha kuliko yote ulikuwa ule wa vitabu vya gerezani. Tulianza na Sauti ya Dhiki ya Abdilatif Abdalla, kijana wa Mombasa aliyefungwa miaka mitatu, hadi mwaka 1972, kwa sababu ya karatasi iliyouliza swali katika jina lake lenyewe: Kenya: Twendapi? Mashairi hayo aliyatunga akiwa kifungoni, yakachapishwa mwaka 1973, na mwaka uliofuata yakapewa tuzo ya fasihi yenye jina la Jomo Kenyatta, yaani jina la rais ambaye serikali yake ndiyo iliyomfunga mshairi. Jambo hilo lilizua kicheko katika kikao, na kwa dakika kadhaa sikuweza kurejesha utulivu.

Wengi wetu tuliozaliwa bara tulikwama kwenye Kimvita, yaani lahaja ya Mombasa. Shairi liitwalo N'shishiyelo ni Lilo lilitushinda hata kabla ya ubeti wa kwanza, mpaka mwanachama wetu kutoka Kisauni alipotueleza kwamba kushishiya ni kushikilia, na kwamba mshairi anasema alichokishikilia ni kilekile, hakubadilika. Likafuata Siwati, maana yake siachi. Hapo ndipo mjadala ulipowaka. Kijana mmoja aliuliza, kwa haki kabisa, kitabu hiki kimeingiaje katika orodha yetu, ilhali mfungwa hakutoroka, hakuachiliwa mapema, na hakuna ubeti unaomwonyesha mtu namna ya kutoka gerezani. Nilijaribu kumjibu nikashindwa. Aliyemjibu ni mzee wetu aliyewahi kukaa korokoroni kwa mambo ambayo si ya kuandikwa humu. Alisema kwamba mle ndani siku hazina mpini wa kuzishikia, na mtu mwenye vina na mizani ana kitu cha kuhesabu ambacho si siku. Shairi, alisema, unaweza kulitunga kichwani, ukalala nalo, ukaamka ukakuta bado lipo, na askari hawezi kulipekua. Kwake yeye huko ni kutoka, na mlango unakuja baadaye.

Tulikiunganisha kitabu hicho na Shetani Msalabani cha Ngũgĩ wa Thiong'o, alichokiandika kwanza kwa Kikuyu alipowekwa kizuizini katika gereza la Kamiti mwaka 1978, juu ya karatasi za chooni. Yeye mwenyewe ameeleza kwamba karatasi za gereza zilikuwa ngumu na za kukwaruza, adha kwa mwili lakini zikifaa kwa kalamu. Wanachama wetu wanaoishi Kahawa hupita karibu na kuta hizo kila asubuhi wakija kazini, na mmoja aliniambia kwamba sasa hulazimika kuzima simu na kutazama nje basi likifika pale. Kuhusu riwaya yenyewe tuligawanyika. Mimi niliona sehemu ya mashindano ya wezi ni ndefu mno, na ninaomba kumbukumbu zionyeshe kwamba nilikuwa peke yangu.

Kitabu kilichosomwa kwa mikono, kama ninavyoweza kusema, ni kile cha William Kamkwamba wa Malawi, kilichotoka mwaka 2009. Tulikisoma kwa Kiingereza, mwalimu mmoja miongoni mwetu akifasiri kwa sauti. Njaa iliyoikumba Malawi miaka ya 2001 na 2002 ilimtoa kijana huyo shuleni kwa kukosa karo, naye akawa anakwenda kwenye maktaba ndogo ya shule ya msingi ya Wimbe, ambako alikuta kitabu cha sayansi chenye picha za vinu vya upepo. Kiingereza chake kilikuwa kidogo, kwa hiyo alianza na picha, kisha akarudi kwenye maneno yaliyozizunguka. Kinu alikijenga kwa feni ya trekta, fremu ya baiskeli na mabomba ya plastiki aliyoyalainisha kwa moto na kuyalaza yakawa mapanga. Tulipofika hapo fundi wetu wa Kamukunji alisimama, akaomba ukurasa urudiwe, akauliza bomba lilikuwa la unene gani na lilishikwaje likiwa moto. Mwezi uliofuata alikuja na kipande cha bomba alichokilaza mwenyewe, kikiwa kimeungua upande mmoja, akakipitisha mkono kwa mkono ili tuone kwamba ukizidisha moto kidogo tu plastiki inakunjamana na kazi imeharibika. Sijawahi kuona hoja ya fasihi ikithibitishwa hivyo.

Chozi la Heri ya Assumpta Matei tulikisoma kwa uangalifu, kwa sababu wapo miongoni mwetu waliohama makwao mwaka 2008 kwa ghasia za baada ya uchaguzi na hawapendi kuulizwa. Mwanachama anayeuza mitumba Gikomba, ambaye kibanda chake kimeungua zaidi ya mara moja, alizungumza kidogo tu. Alisema kwamba Ridhaa, daktari aliyepoteza jamaa na nyumba motoni, ameandikwa na mtu anayejua kwamba baada ya moto mtu haanzi kujenga, bali anaanza kusimama na kutazama, na kwamba watu wanaokuhimiza uanze upya siku ya pili hawajawahi kuunguliwa. Kikao kilifungwa mapema.

Wasifu wa Siti binti Saad, ulioandikwa na Shaaban Robert, uliingia kwenye orodha kwa shinikizo la akina mama, waliohesabu na kukuta kwamba miezi mitano mfululizo ilikuwa ya wanaume. Walikuwa na haki. Mwanamke aliyetoka Fumba, aliyenadi vyungu na kisha akafika Bombay mwaka 1928 kurekodi nyimbo zake, alistahili kusomwa mwezi wa kwanza.

Mwezi wa kumi tulizuru Maktaba ya McMillan katika barabara ya Banda. Jengo hilo lilifunguliwa mwaka 1931, na hadi mwaka 1958 Mwafrika hakuruhusiwa kusoma ndani yake. Mzee wetu niliyemtaja alipanda ngazi polepole kati ya wale simba wawili wa mawe, akagusa mmoja kichwani, akasema kwamba alipokuwa mtoto alidhani wamewekwa pale kwa ajili yake. Vijana walidhani anatania.

Kutokana na hayo, kamati inaleta maombi mawili mbele yenu. La kwanza ni kwamba fedha za chama zinunue vitabu halali pekee, kutoka kwa wachapishaji au maduka yanayotambulika, hata kama bei itatuuma. Ninajua kwamba tangu sheria ya mwaka 2013 kitabu hutozwa kodi ya ongezeko la thamani ya asilimia 16, kama vile bidhaa nyingine za dukani, na kwamba kwa mwanachama anayelipwa kwa siku tofauti hiyo ni chakula cha jioni. Ndiyo maana tunapendekeza tununue vitabu vichache, nakala nyingi, tuvizungushe. La pili ni kwamba vitabu vya kanuni za mafanikio visinunuliwe tena kwa fedha za pamoja. Mwenye kuvipenda asizuiwe kuja navyo, wala asichekwe, na hapa ninajielekeza kwa safu ya nyuma.

Endapo mtaniongezea muhula, kikao cha kwanza kitakuwa Jumamosi ya mwisho ya Januari, sebuleni palepale, nasi tutairudia Utengano tangu ukurasa wa kwanza, kwa kuwa wengi wenu hamkuisoma ikiwa nzima. Ufunguo wa kabati uko kwa katibu. Nakala zile nilizonunua nimezifunga kwa kamba na kuziweka rafu ya chini, na ninaomba mtu yeyote asizikope kwa bahati mbaya.

Wenu katika usomaji,
Mwenyekiti