Barua ya wazi kwa Mkurugenzi Mkuu, Tume ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi

Ndugu Mkurugenzi Mkuu,

Salaam kutoka Arusha. Mimi ni muuza nafaka katika soko la Kilombero, na nakuandikia kuhusu serikali kutumia mashine kuamua nani wa kutiliwa shaka.

Januari 2020, zikiwa zimebaki siku chache laini zisizosajiliwa kwa alama za vidole zizimwe, nilimpeleka mama yangu kwa wakala. Mama amelima migomba na kahawa Tengeru tangu usichana wake. Aliweka kidole gumba, mashine ikakataa. Akakifuta kwa kanga, ikakataa tena. Kijana akampa mafuta ya mgando, tukajaribu vidole vyote kumi. "Bibi, huna alama," akamwambia. Mama aliificha mikono ndani ya kanga, foleni nzima ikimtazama.

Tukasajili laini kwa jina langu. Simu anayo yeye, lakini kwenye kumbukumbu ni mimi. Kompyuta ikifuatilia laini ile, itaapa kwamba niko shambani Tengeru wakati nimesimama hapa napima maharage.

Ndiyo maana naogopa ninaposikia kuhusu serikali kutumia kamera zinazotambua sura na algoridhimu za kuchagua nani wa kutiliwa shaka. Algoridhimu ni maelekezo ambayo binadamu ameipa kompyuta. Ukiilisha taarifa zenye kasoro, itamshuku asiyehusika.

Januari ile ile ya 2020, polisi wa Detroit, Marekani, walimkamata Robert Williams nyumbani kwake, mbele ya mkewe na watoto wake wadogo, kwa sababu programu ilifananisha sura yake na ya mwizi wa saa. Hakuwa yeye. Uholanzi, maelfu ya wazazi walituhumiwa kughushi madai ya posho ya malezi, na kwenye mfumo uliowachambua, kutokuwa raia wa nchi hiyo kulihesabiwa kama dalili ya hatari. Serikali ilijiuzulu Januari 2021, lakini familia zilikuwa zimeshafilisika.

Sipingi kamera. Anayeiba bodaboda akinaswa nazo nitashukuru. Ila Ibara ya 16 ya Katiba inalinda faragha yetu, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya 2022 mnayoisimamia imegusa maamuzi yanayofanywa na mashine peke yake. Naomba ifanye kazi hata pale anayetumia mashine ni serikali yenyewe. Kenya, Oktoba 2021, Mahakama Kuu ilibatilisha utoaji wa kadi za Huduma, yaani vitambulisho vya kidijitali, kwa kuwa athari kwa taarifa za watu hazikupimwa kwanza. Hapa kwetu pia zipimwe kabla mfumo haujawashwa, na matokeo yatangazwe kwa Kiswahili, yabandikwe hata kwenye ofisi za kata.

Na kila mfumo uwe na meza yake hapa Arusha, yenye mtu mwenye mamlaka ya kufuta uamuzi wa mashine, ili mama apande daladala kutoka Tengeru asubuhi, aeleze, na arudi jioni akiwa amesikilizwa.

Wako,
Muuza nafaka, Kilombero, Arusha