Barua ya wazi kwa mdogo wangu aliye Muscat

Mdogo wangu,

Ujumbe wako wa sauti nimeusikia. Unasema muuguzi mwenzako wa zamu, yule wa jimbo la Kerala, India, kakuambia kwao mtumishi wa serikali huchukua likizo bila malipo hata miaka 20, akachuma Ghuba, kisha akarudi kazini kwake kama aliyetoka kunywa chai. Ndiyo maana barua ya kuomba nyongeza ya likizo yako bila malipo unaona haina haraka.

Hakudanganyi, ila habari yake imechacha. Mwaka 2020 serikali ya jimbo lao ilishusha kikomo kutoka miaka 20 hadi 5, na hiyo mitano ni ya utumishi wote, si ya safari moja. Asiyerudi anahesabiwa amejiacha kazi mwenyewe. Mwaka huohuo idara yao ya afya ilitangaza kuwaondoa kazini madaktari 385 watoro.

Wapo watakaosema huo ni ukatili. Mimi niliyekaa masjala naona mitano ni mingi mno. Jina lako bado limo kwenye ikama, yaani orodha ya nafasi za watumishi wa halmashauri, kwa hiyo kwenye karatasi kituo chako cha afya kina muuguzi. Mganga mfawidhi, mkuu wa kituo, akiomba mtu, anajibiwa nafasi imejazwa. Imejazwa na nani? Wodi ya wazazi usiku inabaki na muuguzi mmoja, na akiitwa leba, waliojifungua wanabaki na ndugu zao.

Kwetu Tanzania likizo hii huombwa, na ina tarehe ya mwisho kwenye barua. Ikipita hujarudi wala hujajibiwa, wewe si wa likizo tena, ni mtoro. Kanuni za utumishi za 2003 ziliutaja utoro wa zaidi ya siku tano kuwa kosa la kufukuzwa, na usitarajie huruma imeongezeka tangu hapo. Kusema "nilishaomba kwa simu" hakumsaidii mtu mbele ya kamati ya nidhamu.

Halafu pensheni. Mchango wa PSSSF, mfuko wa pensheni wa watumishi wa umma, ni asilimia 15 ya mwajiri na 5 yako, zote za mshahara. Hakuna mshahara, hakuna mchango. Pensheni ya kila mwezi inataka michango ya miezi 180, na wewe uliondoka hata nusu hujafika. Riyali unazotuma zimeezeka nyumba ya mama, nashukuru, lakini hazihesabiki huko.

Kama umeamua kubaki Oman, andika barua ya kuacha kazi kwa heshima, nafasi ipate mtu. Kama unarudi, andika leo: kwa Mkurugenzi Mtendaji, kupitia kwa Mganga Mkuu wa Wilaya, taja kumbukumbu namba ya barua iliyokuruhusu na tarehe ya kuripoti. Nitumie nakala niipeleke masjala kwa mkono na kugongewa mhuri wa kupokelewa, maana barua pepe pale husomwa mtu akikumbuka.

Kaka yako